Sura ya Kumi na Moja

Changamwe, Jumamosi, 15 Machi 1947

Leo sura ya kwanza imetoka gazetini. Kefa alikuja nayo mbio kutoka stesheni, shati limemganda mgongoni, akaniita kabla hajafika barazani: "Kafedha! Wametia jina langu kwa herufi kubwa!"

Niliacha nguo ya watu chini ya sindano ya cherehani nikaenda kutazama. Ukurasa wa tatu, juu kabisa: *Watu wa Landhi*, riwaya ya maisha ya nyumba za safu za wafanyakazi, mji wa Mombasa, itakayotoka kila Jumamosi. Jina lake kweli lilikuwa kubwa. Langu halimo, wala sikutaraji liwemo. Kazi yangu ni kunakili tu. Yeye ni karani wa bandarini, amepanga chumba kinachopakana na changu. Akitoka kazini huandika kwa mwandiko wa mbio, nami kesho yake nanakili kwa mwandiko niliofundishwa misheni, Rabai. Nikipita narekebisha na Kiswahili chake, maana kwao ni bara. Ameandika "hiyo mtu," nafuta, naandika "mtu huyo." Siku moja aliniambia, "Mimi nina macho, wewe una ulimi. Bila wewe riwaya hii ingekuwa bubu."

Neno lile lilinikaa moyoni. Tangu Katana, mume wangu, afe vitani Burma, hakuna mtu aliyeniambia kwamba nina kitu.

Alasiri nilikwenda nalo mferejini, nikapanda juu ya jiwe nikawasomea wanawake huku ndoo zikijaa. Waliposikia habari za mwanamke anayegombana na jogoo wa jirani, wakapiga kelele: "Huyo ni sisi! Huyo ametuona wapi?" Nyamvula alicheka mpaka akamwaga debe lake, akapanga foleni upya.

Jumanne, 18 Machi

Joto. Hakuna hata wingu.

Jumamosi, 22 Machi

Sura ya pili. Leo wanawake walinisubiri. Nyamvula ameniwekea nafasi na kulipangusa lile jiwe kwa upindo wa leso yake. Yeye hakupata shule hata siku moja, lakini akisikia sura mara moja anaweza kuirudia yote, kila mtu na sauti yake. Nilimwambia, "Ungekuwa mwalimu wewe."

Akanijibu, "Mwalimu ni wewe, mwenzangu. Mimi nina masikio tu."

Jumapili, 30 Machi

Baada ya kanisa nilikula kwa Nyamvula. Mumewe, Ngumbao, hufunga na kufungua mabehewa pale stesheni. Alikuwa na Katana katika kikosi kimoja, na ndiye aliyeniletea mkanda wake na Biblia yake aliporudi mwaka jana. Tangu hapo ananiita shemeji, na paa langu likivuja huja bila kuitwa.

Wanaye Dhahabu, mtoto wa kike ambaye hajatimiza miaka mitatu. Watu wote wa hapa wanajua ni wa marehemu dada yake Nyamvula, kutoka Kaloleni. Leo alikuwa amevaa kofia ya kazi ya Ngumbao, imemfunika mpaka puani, akizunguka ua akipiga mluzi usiotoka. Ngumbao akamwambia, "Dereva, simamisha gari, abiria wana njaa." Mtoto akasimama pale pale.

Kefa anasema Pasaka ikipita atakwenda Rabai kuonana na kaka yangu Nguma kwa habari yetu sisi wawili. Leo nimeshona mishono miwili upande usio wake.

Jumapili, 6 Aprili, Pasaka

Mvua imeanza tukiwa kanisani. Mabati yalipiga kelele hata mahubiri hayakusikika, na mchungaji akakubali kushindwa, akatuimbisha.

Ijumaa, 11 Aprili

Mvua. Nguo hazikauki. Nimenakili sura ya sita.

Jumapili, 13 Aprili

Nimefanya jambo ambalo sijui kama nimefanya vibaya. Naliandika ili nilitazame.

Mchana mvua ilishika, hatukuweza kutoka. Kefa aliketi nami barazani, karatasi mapajani, akizichana moja moja. Nikamuuliza ana nini.

"Mwenye gazeti ameniandikia," akasema. "Anasema wasomaji wanacheka, ni vizuri, lakini hakuna aliyelia. Anasema riwaya ya mji inataka mtu aliyefanywa kitu na mji. Mimi nina jogoo na wenye nyumba. Nikikosa hicho, atanikata."

Alikuwa mnyonge kweli. Nami nilikuwa na kitu hicho, nimekibeba miaka mitatu peke yangu. Mwanzo nilisema "mwanamke mmoja." Nilisema mumewe alikuwa vitani, na barua hazikuja mwaka mzima, na watu walimwambia amekufa. Akawa akifua nguo za watu huko Mtongwe, akajuana na dereva mmoja wa malori aliyemsemesha vizuri. Dereva akahamishwa. Mwanamke akabaki na mimba. Rafiki yake alimpeleka kwa mkunga huko Mjambere, upande wa Kisauni ambako hawakujulikana. Alijifungua leso imejazwa mdomoni ili asilie, kwa kuwa ukuta ulikuwa wa makuti na jirani yuko upande wa pili. Siku ya tano shangazi yake alikuja kumchukua mtoto, naye mwanamke akamwambia shangazi neno moja tu: "Usimzoeshe jina langu." Mwezi uliofuata ikaja barua. Mume yu hai.

Kefa alikuwa ameacha kuchana. Akasema polepole, "Na sasa mtoto yule anaishi nao, akiitwa mtoto wa dada."

Sikuwa nimelisema hilo.

"Kefa, usiandike. Niapie."

"Haki ya Mungu, Kafedha. Hiyo ni siri ya watu."

Akanishika mkono. Mvua ikawa inapiga, na mimi nikajiona mwepesi, kama mtu aliyetua mzigo wa kuni. Labda ndilo nililokuwa nikilitaka tangu mwanzo. Au labda nilitaka anione mimi ndiye mwenye hadithi.

Jumamosi, 19 Aprili

Sura ya sita. Inachekesha. Nyamvula alifurahi sana na yule mzee mwenye baiskeli moja na wake wawili.

Jumatano, 23 Aprili

Kefa anasema nisihangaike tena kunakili. Kuna taipu ofisini kwao, na msichana mmoja, Florence, amekubali kumpigia sura zake. "Upumzishe macho," akaniambia. Nikamuuliza nani atarekebisha Kiswahili. Akacheka: "Umenifundisha vya kutosha."

Jumamosi, 3 Mei

Sura ya nane. Kuna "hiyo mtu" mahali pawili. Nilirekebisha nikisoma, hakuna aliyejua.

Habari ya Rabai: njia imeharibika kwa mvua, atakwenda mwezi ujao.

Jumanne, 6 Mei

Mvua.

Jumatano, 7 Mei

Mvua. Ngumbao alikuja kuziba paa, Dhahabu akimshikia misumari, mmoja mmoja, akihesabu "moja, mbili, kumi."

Jumamosi, 17 Mei

Sura ya kumi. Mwishoni ameingia mtu mpya, mfuaji nguo anayeitwa Mama Lulu, mwenye macho ya kutazama chini. Gazeti linasema sura ijayo mtu asiikose. Nilimgongea Kefa mlango nimuulize, hakuwepo. Siku hizi harudi mapema.

Nimejiambia mji huu una wafuaji wengi.

Jumamosi, 24 Mei

Nitaandika polepole.

Gazeti lilichelewa. Nilipofika mferejini wanawake walikuwa zaidi ya ishirini, maana manyunyu yalikuwa yamekatika na kila mtu ana nguo za kusuuza. Nyamvula alikuwa mbele, Dhahabu mgongoni amelala. Nyuma yangu alisimama Milcah, mke mgeni wa karani wa stesheni, binti wa bara aliyesoma. Nikafungua ukurasa wa tatu, nikaanza kusoma bila kuutupia jicho kwanza, kama ninavyofanya siku zote, kwa kuwa nilipenda kucheka pamoja nao.

Mistari ya kwanza: Mama Lulu anafua, mume yuko vitani, barua haziji. Wanawake wakaacha kusuuza. Wengi wao walikuwa na waume vitani. Mmoja akasema, "Maskini." Nikaendelea. Dereva wa malori akaingia. Nikatupa jicho chini ya ukurasa, nikaona: makuti, leso mdomoni, Kisauni. Ukurasa mzima. Hakuacha hata mkunga.

Sikuthubutu kumtazama Nyamvula. Nikafanya lililonijia. Nikaendelea kusoma, lakini maneno yalikuwa yangu. Nikasema Mama Lulu alimkataa dereva. Nikasema alikuwa na dada yake mgonjwa, na dada huyo ndiye aliyekuwa na mtoto, na akafa, na Mama Lulu akamlea. Nilisoma hivyo hewani, macho yangu yako karatasini. Nilikuwa nafaulu. Wanawake walikuwa wananifuata.

Ndipo Milcah akanyoosha kidole juu ya bega langu. Hakuwa na nia mbaya, masikini. Alidhani ananisaidia.

"Dada, umeruka," akasema. "Hapa si hivyo. Hapa imeandikwa, *siku ya tano shangazi akaja, naye akamkabidhi mtoto akasema, Usimzoeshe jina langu.*"

Aliusoma mstari ule vizuri sana, kwa sauti ya shuleni.

Sasa nikamtazama Nyamvula. Alikuwa ananitazama mimi, si Milcah. Uso wake haukubadilika hata kidogo. Aliinama akachukua debe, nalo halijajaa hata nusu, akalitia kichwani, akampandisha Dhahabu vizuri mgongoni, akaenda zake. Hakuharakisha. Nadhani kama angebaki kwenye foleni, watu wasingejua. Kwa vile alivyotembea, nikaona vichwa vikigeuka, kimoja, kingine, halafu vyote vikawa vinamtazama yule mtoto.

Jumapili, 25 Mei

Sikwenda kanisani. Nilikaa barazani mpaka Kefa akatoka chumbani mwake, amevaa suti.

"Uliapa," nikamwambia.

Hakujifanya hajui. "Nimebadilisha majina."

"Umebadilisha majina, hukubadilisha Kisauni. Hukubadilisha leso. Hukubadilisha neno lake mwenyewe!"

"Neno lile ndilo sura yenyewe," akasema. "Ningelibadilisha vipi? Kafedha, sikiliza. Mwenye gazeti amesoma, amelia. Mtu mzima. Ananiita Nairobi, anipe kazi huko. Anasema *Watu wa Landhi* itapigwa chapa kitabu."

"Uliapa kwa Mungu."

Akavua miwani akaifuta. "Aliyeapa ni Kefa jirani yako. Mwandishi ni mtu mwingine. Mwandishi hana ruhusa ya kuacha kitu kama kile."

Nikamwambia sijaona watu wawili chumbani mle, naona mmoja tu, na suti moja.

Kisha nikamwuliza jambo lililonikesha. Ndani ya sura ile mna rafiki wa Mama Lulu, mjane mshona nguo. Kefa ameandika juu yake: *alikuwa mwema, lakini hakujua kufunga mdomo, ukimpa sikio angekupa hata roho ya mwenzake.*

"Huyo ni mimi?"

"Ni mhusika tu," akasema, akaangalia saa yake.

Neno lile ni la kweli. Ndilo linalonikata. Mtu amenihadaa, na katika kunihadaa ameniandika sawasawa.

Jumanne, 27 Mei

Nyamvula hatoki. Mlango umefungwa mchana.

Alhamisi, 29 Mei

Ngumbao amekuja. Nilimwona akivuka uwanja, kofia mkononi, mvua inamnyea, nikafikiri amekuja kunipiga, na nikaona itakuwa haki. Alibisha hodi, akakaa kwenye kigoda, akaniita shemeji kama siku zote.

"Ule usomaji wa mferejini, nimeambiwa ulisoma vingine na gazeti linasema vingine," akaanza. "Kwa nini?"

"Nilikosea mstari."

"Shemeji."

Nikainama kuokota uzi sakafuni.

"Huna haja ya kuniambia uongo," akasema. "Wala ukweli usiniambie, ninao. Niliporudi kutoka vitani nilimkuta mtoto ana kidole cha pili cha mguu kirefu kuliko kile kikubwa. Nyamvula anacho hivyo hivyo. Dada yake nilimjua, hakuwa nacho. Nikaketi siku tatu sisemi na mtu. Siku ya nne mtoto akaja akanivua kofia, akaivaa mwenyewe. Nikaona basi. Mimi pia huko nilikokuwa si kila siku nilikuwa mtu wa kanisa. Nikaamua sijui."

Alikuwa anaizungusha kofia kwa vidole.

"Ilikuwa kazi, kutojua. Lakini nilikuwa naiweza. Kila asubuhi nakwenda kazini sijui, narudi sijui, na nyumba yangu ina amani. Sasa wanaume wa stesheni wananiita Baba Lulu. Wananicheka mabehewani. Mtu hawezi tena kutojua kitu kilichopigwa chapa."

Nililia. Nikamwambia ni mimi. Nikamwambia kila kitu: baraza, mvua, kiapo. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Nilijua ni wewe," akasema. "Nani mwingine? Hata Katana alikuwa akisema, mke wangu usimtilie neno mfukoni, mfuko wake umetoboka." Alitabasamu kidogo, halafu tabasamu likaondoka. "Nimeomba uhamisho. Voi, au popote mbele."

"Nyamvula anajua kwamba ulikuwa unajua?"

Alisimama. "Hajui. Anadhani amenidanganya mwaka mzima, na sasa ananiogopa. Nitamwambia siku nitakayoona inafaa. Neno hili ni langu, shemeji. Nimekupa kwa sababu ya Katana, na kwa sababu umelia. Usinitolee."

Aliondoka bila kuangalia paa.

Jumapili, 1 Juni

Leo Nyamvula amekuja kuchukua kitambaa alichoniletea kushona tangu Aprili. Sikuwa nimekimaliza. Akasema si kitu, atakichukua hivyo hivyo. Alisimama mlangoni, hakutaka kuketi.

"Ulimwambia wewe," akasema.

"Nilimwambia mimi."

"Kwa nini?"

Nilikuwa nimejiandaa siku nane kwa swali hilo. Nilikuwa na maneno mengi. Yaliyotoka ni haya: "Mvua ilikuwa inanyesha, na alikuwa ananisikiliza."

"Mimi nilinyamaza uchungu umenishika. Wewe ulinijaza leso mdomoni kwa mkono wako, ukaniambia, vumilia mwenzangu, usitoe sauti. Sikutoa." Akakunja kile kitambaa mara mbili. "Wewe ulishikwa na mvua tu."

Nilitaka kumwambia: mumeo anajua tangu zamani, usimwogope, anakupenda. Neno lilikuwa mdomoni kabisa. Lingemtua mzigo mara moja, na labda lingeninunulia nusu ya msamaha. Nikakumbuka kofia ikizunguka vidoleni mwa Ngumbao. Nikafumba mdomo. Nyamvula akaona nimefumba, akadhani sina la kusema, akaenda.

Jumamosi, 7 Juni

Milcah ndiye anayesoma sasa. Namsikia mpaka hapa.

Jumatatu, 9 Juni

Kefa amehama. Ameniachia nakala zote nilizomwandikia kwa mkono, zimefungwa kwa kamba, na kikaratasi: *Hizi sina haja nazo tena, taipu ninazo.* Habari ya Rabai hakuitaja, wala mimi. Nguma kaka yangu ameleta salamu akiuliza yule mgeni anakuja lini, maana walikuwa wamemtengea mbuzi.

Nimezitazama zile karatasi. Mwandiko wangu ni mzuri. Nimezitia jikoni, nikachemshia maji ya kuoga.

Jumamosi, 14 Juni

Wameondoka kwa gari moshi la bara. Sikualikwa kuwaaga, nikaenda nikasimama mwisho wa jukwaa, kando ya magunia. Vyombo vyao vilikuwa vichache, vimefungwa kwa mkeka. Wanaume wawili watatu wa stesheni walikuwapo, na mmoja akasema jambo nusu kwa sauti, wenzake wakacheka. Ngumbao alimpandisha Dhahabu begani, palipo juu, mbele yao wote, akawapita polepole akiwapa mkono mmoja mmoja. "Mpeni mkono na mwanangu," akawaambia. "Naye anasafiri." Ikabidi wampe. Mtoto alinyoosha mkono wake mdogo kwa kila mmoja, na kicheko kikaisha chenyewe.

Nyamvula alikuwa nyuma yake, amebeba kikapu. Nilimwona akisimama ghafla aliposikia lile neno, *mwanangu*. Akamtazama mumewe mgongoni, akatazama, mpaka akasukumwa na mtu wa nyuma ili asogee. Sijui kama amefahamu. Aliingia behewani, hakugeuka upande wangu.

Jumanne, 24 Juni

Mvua zimekwisha. Nguo zinakauka kwa saa mbili.

Mferejini nikifika mazungumzo hukatika. Hawanitukani. Wananisalimu vizuri, wananipa zamu yangu, wananiuliza habari za kushona. Halafu wanatazama maji yakiingia ndooni. Nikitoa mguu tu nawasikia wanaanza tena.

Jumamosi, 5 Julai

Barua kutoka Nairobi. Mwandiko wa Kefa, mbio kama zamani. Anasema kitabu kitatoka Desemba. Anasema wasomaji wanaandika kutoka kila mahali, mpaka Unguja, wote wanauliza swali moja: yule mume alifanyaje? Amejaribu kumfanya amuue mkewe, haikufaa. Amejaribu kumfanya afukuze mtoto, mwenye gazeti hakuamini. *Wewe ulikuwapo,* anaandika. *Nambie tu kilichotokea kweli, nami nitatia jina lako ukurasa wa kwanza, kwa herufi kubwa kama langu.*

Nilikaa na barua ile mchana kutwa, cherehani imenyamaza. Najua alifanyaje. Najua kofia, na kidole cha mguu, na siku tatu za kimya, na mkono wa mtoto ukinyooshwa kwa wale wanaume. Ni sura nzuri kuliko zote alizopata kuandika. Ningeweza kuiandika mwenyewe, bila "hiyo mtu" hata moja.

Nikachukua karatasi, nikaandika anwani yake kwa mwandiko wangu wa misheni, na chini yake neno moja: *Sijui.*

Nimeipeleka posta mwenyewe, kabla hawajafunga.